Keki ya Zabibu Isiyodai Yai Wala Maziwa

Mke wa askari ajua vema kwamba amri ya safari haingoji siku ya mshahara. Huenda nyumbani hamna yai wala maziwa, na mkoba wa safari wataka kitu kisichoharibika upesi. Basi leo twawaletea, akina mama na akina baba wa kambini, keki ya zabibu kavu ikatwayo vipande. Huko Marekani, wakati wa vita vya 1914–1918, keki ya namna hii ilipikwa bila mayai, maziwa wala siagi, nayo ikaitwa "keki ya vita".

MAHITAJI: Zabibu kavu kikombe 1, sukari kikombe 1, maji kikombe 1, mafuta ya kupikia vijiko vikubwa 2, mdalasini wa unga kijiko kidogo 1, karafuu ya unga na kungumanga, nusu kijiko kidogo kila kimoja, chumvi kidogo, unga wa ngano kikombe 1 na nusu, bekingi pauda vijiko vidogo 2.

NAMNA YA KUPIKA: Osha zabibu. Tia vyote sufuriani, isipokuwa unga na bekingi pauda. Vikichemka, viache dakika 5, kisha epua. Ngoja vipoe kabisa. Ukitia unga vingali moto, utafanya madonge, na bekingi pauda itamaliza nguvu kabla ya kuoka. Vikipoa, chekecha humo unga na bekingi pauda, ukoroge, umimine katika chombo kilichopakwa mafuta.

Asiye na tanuri atandaze mchanga mkavu katika sufuria kubwa, aupashe moto dakika 15, aweke chombo juu ya vijiwe vitatu, afunike na kupalia makaa. Ya juu yawe mengi kuliko ya chini. Baada ya dakika 35 choma kwa kijiti. Kikitoka kikavu, keki imeiva.

Lakini angalieni sana: msioke ndani ya chumba kilichofungwa, wala msilale na jiko linalowaka. Hewa ya sumu itokayo katika makaa haina rangi wala harufu, nayo huua familia nzima usingizini. Okeni nje, au barazani penye upepo.

Keki ikipoa, ikateni vipande na kuvitia katika bati lenye kifuniko. Siku ya pili huwa tamu zaidi, kwani viungo vimekwisha kuenea. Mpeni msafiri fungu lake, na watoto wasisahauliwe.