Mtoto wa rafiki, na barua za wazee wawili

Baba yangu anatunza barua zake kwenye sanduku la bati la kijani, lile tulilokuwa tukienda nalo bweni. Liko chini ya kitanda chake, nyumbani kwetu Dongobesh, wilayani Mbulu. Barua zenyewe ni kama arobaini na karibu zote zimeandikwa na mtu mmoja, rafiki yake wa Katesh, Hanang. Walikutana mwishoni mwa mwaka 1978 walipokwenda Vita vya Kagera wakiwa mgambo. Walilala handaki moja, na wote wawili wakarudi wazima. Baba ni Mwiraqw, rafiki yake ni Mbarabaig. Hakuna aliyeijua lugha ya mwenzake, kwa hiyo urafiki wao wote umeandikwa kwa Kiswahili cha darasa la saba kilichonolewa jeshini.

Msomaji wa umri wangu anazijua barua za namna hiyo. Juu kulia S.L.P. ya shule ya msingi, kisha "mimi ni mzima wa afya, hofu na mashaka ni kwako wewe uliye mbali na upeo wa macho yangu". Halafu linakuja dhumuni la barua, na katika sanduku la baba dhumuni karibu kila mara ni mtoto. Mtoto amefaulu na ada haijatimia. Mtoto ameumwa, tumempeleka Haydom. Mtoto anaoa, njoo.

Barua moja ndiyo iliyonifanya niandike makala hii. Ni fupi kuliko zote na haina hata salamu: "Nimesoma ulichoandika. Nimekasirika siku tatu. Kijana anakuja Jumamosi."

Wakati huo baba alikuwa diwani, karibu anastaafu. Rafiki yake alikuwa amemwomba amtafutie mwanawe ajira huku Mbulu, kwa kuwa diwani anasikilizwa. Baba alijibu. Alijibu nini hasa, sisi watoto hatukujua, maana barua uliyoiandika haikai kwako, inakaa kwa uliyemwandikia. Tulichokiona ni kijana kushuka kwenye basi Jumamosi ile akiwa na begi, akala nasi na kulala chumba kimoja nasi kwa miaka miwili, akifundishwa useremala. Ajira haikutoka kwa baba.

Mwaka huu, nikizipiga picha barua hizo kwa simu kabla mchwa hawajazimaliza, nilianza pia kusoma barua za wazee wengine wawili wa mbali sana, George Washington wa Marekani na rafiki yake wa vitani, Mfaransa Lafayette. Hifadhi ya Nyaraka ya Marekani imeziweka mtandaoni, bure kwa yeyote mwenye simu. Nilitegemea siasa. Nikakuta jambo lile lile la nyumbani: mtoto wa rafiki yuko mlangoni, na mwenye nyumba ana cheo.

Lafayette alifika Marekani mwaka 1777, akiwa na miaka 19, kupigana upande wa Wamarekani dhidi ya Uingereza. Baba yake aliuawa vitani yeye hajatimiza miaka miwili. Washington, aliyekuwa jenerali mkuu, naye alifiwa na baba akiwa na miaka 11, na hakupata mtoto wa kumzaa. Alilea watoto wa mkewe, Martha, wa ndoa ya kwanza. Lafayette alijeruhiwa mguu katika vita vya Brandywine, na kuanzia hapo hawa wawili wakawa kama baba na mwana. Mwaka 1779 Lafayette alipopata mtoto wa kiume alimpa jina la jenerali wake. Somo, kama tunavyosema sisi.

Vita vilipokwisha Washington alirudisha madaraka yake, Desemba 1783, akaenda shambani kwake Mount Vernon. Februari iliyofuata alimwandikia Lafayette kwamba sasa ni raia tu, anakaa kivulini kwake, hana tena makelele ya kambi. (Usidhani alikuwa malaika. Shamba lile lililimwa na watumwa. Lafayette alikuwa amemwandikia mwaka 1783 akimshauri wanunue shamba pamoja, wawaachie watu weusi walime kama wapangaji huru. Washington aliusifu moyo wake, lakini hakujiunga. Lafayette akalijaribu mwenyewe huko Cayenne.)

Mwaka 1784 Lafayette alimtembelea. Walipoagana, mzee alirudi nyumbani akaandika barua ambayo mimi niliisoma mara tatu. Anasema magari yao ya farasi yalipokuwa yakiachana alijiuliza kama ndiyo mara ya mwisho kumwona, na ingawa alitamani kujibu hapana, hofu ilijibu ndiyo. Anasema ameupanda mlima wa maisha kwa miaka 52 na sasa anateremka, na ukoo wao si wa watu wanaoishi sana. Kijana alijibu akiwa tayari melini: hapana, tutaonana. Hawakuonana tena.

Halafu mambo yakaharibika. Ufaransa iliingia katika mapinduzi. Lafayette alikuwa mmoja wa viongozi wake mwanzoni, hata akamtumia Washington ufunguo wa gereza la Bastille kama zawadi, lakini mwaka 1792 wenye msimamo mkali walimgeuka. Alipokimbia akakamatwa na maadui wa nchi yake, akaishia gereza la Olmütz chini ya Austria. Mama, bibi na dada wa mkewe, Adrienne, walikatwa vichwa siku moja, Julai 1794. Adrienne alipoachiwa alifanya mambo mawili. Alikwenda na binti zake wawili kuomba wafungwe pamoja na mumewe. Na mtoto wa kiume, Georges, akampeleka Marekani kwa yule mzee ambaye jina lake alipewa.

Georges alifika Boston mwaka 1795 akiwa na miaka 15, pamoja na mwalimu wake. Washington sasa alikuwa Rais. Nchi yake ilikuwa inajitahidi isiingie vita vya Ulaya. Kumpokea waziwazi mtoto wa mtu ambaye Ufaransa inamhesabu msaliti na Austria inamfunga ingekuwa kuuchokoza upande huu au ule. Akasita. Alimwandikia kijana kwamba atakuwa kama baba yake, akaomba watu wamtunze kwa gharama zake, lakini hakumwita nyumbani. Miezi ilipita. Barua zake za wakati huo zinaonyesha mtu anayevutwa huku na huku. Moyo unasema mlete, kiti kinasema ngoja.

Mimi hapo namlaumu. Mtoto wa miaka 15, baba gerezani, mama gerezani, anakaa akingoja siasa zitulie. Mzazi yeyote anajua miezi saba ni mirefu kiasi gani kwa mtoto wa umri huo. Lakini Aprili 1796 alimwita, na tangu siku hiyo Georges alikula meza moja na wajukuu wa Martha. Mwezi uliofuata Washington akafanya jambo lingine: alimwandikia Mfalme wa Austria kumwombea Lafayette. Hakuandika kama Rais. Aliandika kama mtu binafsi, rafiki anayemwombea rafiki. Kwa cheo chake asingeweza kuomba bila kuiingiza nchi nzima.

Machi 1797 alistaafu urais na kwenda na Georges shambani Mount Vernon. Oktoba habari zikafika kwamba Lafayette ameachiwa. Kijana hakutaka kungoja hata barua ya baba yake ithibitishe. Washington akampa barua mkononi ampelekee.

Barua ya mwisho aliyomwandikia Lafayette ni ya sikukuu ya Krismasi, 1798. Rafiki alitaka kuja Marekani kukaa. Mzee, si Rais tena sasa, angeweza kusema karibu tu. Alimwambia hakuna atakayefurahi kumpokea kuliko yeye, lakini asije kwanza, maana Marekani na Ufaransa zimekaribia kupigana na angewekwa katikati. Mwaka mmoja baadaye, Desemba 1799, Washington alikufa. Lafayette alifika kaburini kwake mwaka 1824, akiwa na miaka 67, pamoja na Georges. Ufunguo wa Bastille ulikuwa bado umetundikwa ukutani.

Tunaweza kusoma pande zote mbili kwa sababu Washington alikuwa na tabia ya kubaki na nakala ya alichoandika. Barua za yeye na mkewe ndizo hatunazo. Martha alizichoma karibu zote. Simlaumu.

Baba hakuwa na nakala. Barua zake zote zilikuwa Katesh, kwenye sanduku la rafiki yake. Tarehe 3 Desemba 2023, Jumapili asubuhi, Mlima Hanang ulimeguka baada ya mvua kubwa. Tope, mawe na magogo vikashuka Katesh, Gendabi na Jorodom. Walikufa watu zaidi ya 80. Rafiki ya baba na familia yake walitoka salama. Sanduku halikuonekana.

Mwezi uliopita nilimpeleka baba Katesh, tukashukia njia ya Dareda. Nilibeba picha za barua kwenye simu. Yule kijana wa Jumamosi, sasa fundi mwenye wajukuu, ndiye aliyetupokea, na viti tulivyokalia ni kazi ya mikono yake. Wazee walipokwisha kusalimiana, nikamsomea mwenyeji barua yake ya siku tatu za hasira. Alicheka mpaka akafuta macho. Nikamuuliza: baba yangu alikuwa ameandika nini?

Alikaa kimya kidogo, kisha akaitamka kama mtu anayesoma: "Kijana mlete nyumbani, atakula na wangu. Jina lake silipeleki ofisini. Ukimpata mwingine wa kumpeleka, mimi nitakuwa wa kwanza kumpinga."

Nikamwangalia baba. Alikuwa ameinamia fimbo yake.

"Niliandika tafadhali," akasema. "Tafadhali mlete nyumbani."

"Tafadhali haikuwepo, bwana."

"Ilikuwepo. Mstari wa kwanza."

"Leta basi barua tuone."

Tulipoaga saa kumi jioni, walikuwa bado wanabishana.