Chafya Iliyobaki Ndani ya Filamu

Barabara ya mashambani Missouri, Marekani, mawingu yametanda. Radi inamulika kwa mbali, na nyuma ya kamera mtu anasikika akishtuka. Punde anapiga chafya, picha nzima inatikisika. Mhariri yeyote angekikata kipande hicho. Kirsten Johnson alikiweka mwanzoni mwa filamu yake, Cameraperson, ya 2016.

Mama huyu alisomea upigaji picha za filamu La Fémis, Paris, kisha akabeba kamera kwa takriban miaka 25, mara nyingi kwa kazi za wenzake. Mwongozaji Laura Poitras alimtumia katika filamu ya The Oath. Ni yeye pia aliyepiga picha za Pray the Devil Back to Hell, inayowahusu akina mama wa Liberia waliosimama kudai amani. Aliwahi kuongoza filamu kwa kushirikiana na wengine, lakini jina lake halikuvuma. Mpiga picha ndivyo alivyo: tunaona alichokiona, yeye hatumwoni.

Cameraperson imeshonwa kwa vipande vya kazi hizo za zamani. Kuna mkono unaopita mbele ya lenzi kung'oa majani yanayoziba picha. Kuna hospitali ya Kano, Nigeria, ambako kichanga anahangaika kuvuta pumzi na oksijeni hakuna. Mkunga anafanya awezalo, kamera haiondoki. Nilipofika hapo nilitamani aiweke chini akasaidie. Sijaona filamu nyingine inayomwacha mtazamaji abebe mzigo huo bila kumpa mahali pa kuutua.

Humo humo yumo mama yake mzazi, ambaye ugonjwa wa Alzheimer ulishaanza kumpokonya kumbukumbu. Alipofariki, ukafika wakati baba naye akaanza kusahau. Safari hii Johnson hakungoja. Katika Dick Johnson Is Dead, ya 2020, alimwomba baba yake, Dick, aigize vifo vyake mwenyewe, kimoja baada ya kingine, huku angali hai na mwenye kucheka. Waliandaa hata ibada ya mazishi kanisani. Rafiki wa mzee analia kweli kweli mbele ya waombolezaji, ilhali Dick amesimama nyuma ya mlango, akichungulia, akisubiri kuitwa aingie.