Umbridge Alikuwa Hogwarts, Lakini Kericho Tunamjua: Vitu 4 'Order of the Phoenix' Inatufunza Kuhusu Sirikali

Harry Potter and the Order of the Phoenix ilitoka 2007, ikaongozwa na David Yates, na bado ndiyo muvi ya Potter iko na siasa mob. Voldemort anaonekana kidogo tu. Mwenye anawasumbua watoi kila siku ni sirikali. Na kama umekulia Kericho ama Bomet, hii stori haiko mbali na kwenu.

1. Mdosi anaogopea kiti

Waziri Fudge anaambiwa Voldemort amerudi. Badala ajipange, anatumia gazeti kumchora Harry kama mwongo. Akikubali ukweli, itabidi akubali alikuwa amelala kazini.

2. Dhuluma inakuja na tabasamu na makaratasi

Umbridge (Imelda Staunton) anavaa pinki na kuongea kasauti katamu. Akishikwa na woga, amri mpya inapigiliwa ukutani. Yote ni halali, juu yeye ndiye anaandika sheria.

Huku kwetu ilifanyika live. Mwaka wa 1934 wakoloni walitunga sheria ya kuhamisha Laibon wa ukoo wa Talai, wenye Wakipsigis walikuwa wanasikiza. Familia nzima, hadi watoto, zikatupwa Gwassi, kando ya Ziwa Victoria. Hakuna haja ya kukuthibitishia kosa kama kosa lenyewe ni ukoo wako.

3. Watoi wanafunzana wenyewe

Umbridge anataka wasome kitabu tu, wasijue kujitetea. Hermione anashtuka mapema, wanaunda Dumbledore's Army na kufanya mazoezi kwa chumba siri.

Juni 2024 Gen Z walifanya hivyo bila chama wala kiongozi. Finance Bill ikachambuliwa TikTok, ikatafsiriwa kwa lugha za nyumbani. Maandamano yakafika hadi Kericho, mahali Ruto alizoa kura 2022. Tarehe 25 Juni waandamanaji wakaingia Bunge, wengine wakapigwa risasi wakafa. Kesho yake Rais akasema hatatia sahihi.

4. Sura ikitoka, mfumo unabaki

Umbridge anabebwa msituni na viumbe nusu mtu nusu farasi, amri zinaanguka, shule inashangilia. Lakini Wizara iliyomtuma bado iko pale pale.

Hapa ndiyo muvi inatuonya. Tarehe 11 Julai 2024 Ruto alifuta karibu baraza lote la mawaziri. Haikuchukua muda, sura kadhaa zikarudi ofisini. Ukishangilia sana mtu akitoka, unaweza sahau kuuliza ni nani alimwajiri.

Talai hawajasahau. Mwaka wa 2022, karibu miaka 90 baada ya Gwassi, wao na Wakipsigis walishtaki Uingereza kwa Mahakama ya Ulaya ya Haki za Binadamu. Hakuna fimbo ya uchawi hapo. Ni wazee, mawakili na makaratasi, safari hii makaratasi yakiwa upande wao.

Ukiirudia hiyo muvi wikendi, usimwangalie Umbridge peke yake. Cheki nani alimtuma.