Istilahi za Mikopo: Mdaiwa na Mdaiwa Sugu

Kwa kanuni za Benki Kuu ya Tanzania za mwaka 2012, mabenki hupeleka taarifa za wakopaji wao katika kanzidata moja, na kampuni zenye leseni huzitumia kuandaa ripoti ambazo mkopeshaji huzisoma kabla ya kutoa fedha. Hivyo, neno moja lililoandikwa vibaya laweza kumnyima mtu mkopo hata katika benki ambayo hajapata kuikanyaga. Makala haya yaeleza makosa matatu ya taarifa hizo na istilahi zifaazo kuyaepusha.

La kwanza ni kosa la utambulisho. Wilayani Biharamulo, sauti za r na l hubadilishana hata katika maandishi: kata moja huandikwa Lusahunga, na pengine Rusahunga. Majina ya watu nayo hupatwa na hali hiyo, hata deni la huyu likamwangukia yule. Yafaa kulinganisha kwanza namba ya Kitambulisho cha Taifa, yenye tarakimu 20, ndipo jina.

La pili ni kosa la wajibu. Neno "dhamana" hutumika kwa shamba lililowekwa rehani na pia kwa ahadi ya mtu anayemsimamia mwenziwe. Twapendekeza "dhamana" ibaki kwa kitu, na "udhamini" uwe wa mtu. Mkulima aliyemdhamini jirani yake ni mdhamini, asiandikwe "mkopaji".

La tatu ni kosa la hali ya deni. "Mdaiwa" ni kila mwenye deni, hata alipaye kwa wakati. "Mdaiwa sugu" ni yule ambaye muda wake umepita sana naye hajalipa. Aliyekwisha kulipa si mdaiwa tena. Akiendelea kuandikwa hivyo, mkulima wa pamba hukosa fedha za pembejeo, na mvua za kupandia hazimngoji.

Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya mwaka 2022 inatambua haki ya mhusika kutaka taarifa zake zisizo sahihi zirekebishwe. Hapa mfasiri wa fomu hana budi kuwa mwangalifu. Akiandika "naomba kufutiwa deni", amemfanya mwombaji akiri deni na kuomba msamaha. Aandike "naomba kusahihishiwa taarifa", kwani anachodai mwombaji ni haki yake.