Je, Wajua? Rais Huhesabiwa Darasani

Je, wajua kwamba urais wa Kenya huamuliwa darasani? Si Bomas, ukumbi wa Nairobi ambako kamera za televisheni hupiga kambi siku kadhaa zikingoja jina la mshindi. Bomas hujumlisha tu. Kura huhesabiwa palepale ilipopigwa, na mara nyingi hapo ni darasa la shule ya msingi, madawati yamesukumwa pembeni na jedwali la kuzidisha lingali limebandikwa ukutani. Mwaka 2022 vituo vya namna hiyo vilikuwa 46,229, vikiwemo vya magerezani na vya Wakenya walioko ng'ambo, toka Dar es Salaam hadi Doha. Sheria inataka kituo kimoja kisizidishe wapigakura 700, ili kazi ya kuhesabu iweze kuisha usiku huohuo.

Saa kumi na moja jioni kituo hufungwa, ila aliyekwisha kusimama kwenye foleni hapigwi marufuku. Atapiga kura hata giza likiingia. Baadaye msimamizi hukata lakiri za sanduku lenye kifuniko cheupe, la urais, kabla ya masanduku mengine matano. Huchukua karatasi moja, huikunjua, huiinua juu maajenti wa wagombea waione, hutaja jina kwa sauti, kisha huiweka kwenye fungu lake. Halafu nyingine. Halafu nyingine tena, mpaka sanduku libaki tupu. Ajenti mwenye shaka husema papo hapo, si kesho yake redioni. Mafungu yakishahesabiwa, takwimu huandikwa kwenye Fomu 34A na maajenti huweka sahihi. Ajenti akisusa kusaini, matokeo hayaharibiki kwa sababu hiyo peke yake; naye atatakiwa kueleza kwa nini amesusa.

Fomu hiyo moja husafiri njia tatu. Picha yake hutumwa kwa mitambo ya tume ya uchaguzi, karatasi halisi hupelekwa kwenye kituo cha kujumlishia cha eneobunge na hatimaye Bomas, na nakala hubandikwa mahali pa wazi pale kituoni ili mwananchi yeyote aisome. Mimi naona njia hii ya tatu ndiyo yenye heshima kubwa kuliko zote, ingawa ndiyo isiyopigwa picha na televisheni.

Wakenya hawakuupata utaratibu huu bure. Desemba 2007 matokeo yalitangazwa Nairobi huku watu wakiuliza takwimu zimetoka wapi, na rais akaapishwa jioni hiyohiyo. Zaidi ya watu 1,100 walikufa katika ghasia zilizofuata. Tume ya Jaji Johann Kriegler, iliyoundwa kuchunguza uchaguzi ule, ilieleza kwamba takwimu zilikuwa zimevurugika kiasi kwamba haikuwezekana tena kujua nani alishinda. Kura zilikuwa zimepigwa. Kilichopotea ni njia ya kurudi kutoka kwenye jumla hadi kwenye sanduku.

Ndiyo maana Juni 2017, katika kesi inayojulikana kwa jina la Maina Kiai, Mahakama ya Rufani iliamua kwamba matokeo ya urais yaliyotangazwa kituoni ni ya mwisho; hakuna wa kuyabadilisha Nairobi. Miezi miwili na siku chache baadaye, Septemba 1, Mahakama ya Juu chini ya Jaji Mkuu David Maraga ilifuta uchaguzi wa Agosti 8 kwa majaji wanne dhidi ya wawili. Tofauti ya wagombea ilizidi kura milioni 1.4, lakini majaji walio wengi walitazama zaidi jinsi kura zilivyosafirishwa na kujumlishwa kuliko ukubwa wa tofauti. Hiyo ilikuwa mara ya kwanza barani Afrika mahakama kubatilisha ushindi wa rais. Mwaka 2022 tume ya uchaguzi iliweka picha za fomu zote kwenye tovuti, na mtu mwenye simu na subira aliweza kujumlisha mwenyewe.

Je, wajua kwamba kupata kura nyingi kuliko wengine hakutoshi Kenya? Mshindi lazima apate zaidi ya nusu ya kura, na pia angalau asilimia 25 katika kaunti 24 kati ya 47. Nigeria nao wana sharti la jamaa hiyo, na mwaka 1979 liliwatia katika hesabu ya ajabu. Katiba ilidai robo ya kura katika theluthi mbili ya majimbo. Majimbo yalikuwa 19. Theluthi mbili ya 19 ni 12 na theluthi mbili! Shehu Shagari alikuwa ametimiza robo katika majimbo 12, na katika la 13, Kano, alipata kama asilimia 20 tu. Je, yatakiwa majimbo 13 kamili, au 12 pamoja na kipande cha Kano? Obafemi Awolowo alikwenda mahakamani, na Mahakama ya Juu ikampa Shagari ushindi. Fikiria: nchi kubwa kuliko zote Afrika kwa idadi ya watu ilimpata rais wake kwa somo la sehemu, lile ambalo watoto wa darasa la tano hulikimbia.

Tanzania haina hesabu hizo. Tangu mabadiliko ya Katiba ya mwaka 2000, anayeongoza kwa kura ndiye rais, hata asipofikisha nusu. Na tume ikishamtangaza, Ibara ya 41 hairuhusu mahakama yoyote kuchunguza kuchaguliwa kwake. Ng'ambo ya mpaka, majaji wa Kenya wana siku 14 za kusikiliza kesi ya urais na kuiamua. Nchi jirani, lugha moja, na milango miwili tofauti kabisa. Nami nasema wazi kwamba mlango uliofungwa humnyima haki hata mshindi wa kweli, kwa kuwa hapati mahali pa kuonyesha kwamba alishinda.

Kura iliyoharibika nayo ina kisa chake. Kenya hutenganisha kura iliyoharibika na kura iliyokataliwa. Ukikosea kabla ya kuitumbukiza karatasi sandukuni, irudishe upewe nyingine. Hiyo ya kwanza ndiyo iliyoharibika, na hujapoteza kitu. Ikishaingia sandukuni ikiwa na alama kwa wagombea wawili, hukataliwa, na hapo hakuna dawa. Mwaka 2013 Uhuru Kenyatta alivuka mstari wa nusu kwa kura 8,400 hivi, wakati kura zilizokataliwa zilikuwa 108,975. Yaani karatasi zilizotiwa alama vibaya zilikuwa karibu mara 13 ya kile kilichomwepusha mshindi na duru ya pili. Mahakama ya Juu iliamua kwamba kura zilizokataliwa zisiingizwe katika kupiga asilimia.

Je, wajua kwamba nchini Gambia wamemchagua rais kwa gololi? Ni zilezile wanazochezea watoto uwanjani. Mpigakura hupewa moja, huingia faraghani, na hukuta mapipa ya chuma yaliyopakwa rangi za wagombea, kila pipa na picha ya mwenyewe. Huitumbukiza kwenye bomba la pipa alipendalo, nayo hugonga kengele ndani. Ngri! Maofisa walio nje husikia mlio mmoja na kujua kura imepigwa. Wakisikia miwili, wanajua mtu ameleta gololi ya pili mfukoni. Chini ya pipa humwagwa mchanga au vumbi la mbao ili gololi isitoe mlio mwingine ikitua, na baiskeli zenye kengele hukatazwa karibu na kituo zisije zikawachanganya maofisa. Kuhesabu ndiko kunakopendeza zaidi: gololi humwagwa kwenye sinia za mbao zenye vishimo 200 au 500, na sinia ikijaa kila mtu ameona, hata asiyejua kusoma. Waingereza waliuleta utaratibu huo miaka ya 1960 kwa ajili ya watu wasiojua kusoma na kuandika, nao Wagambia wakaushikilia. Desemba 2016 gololi hizo zilimwondoa Yahya Jammeh aliyekuwa ametawala miaka 22. Alikubali kushindwa, akageuka wiki moja baadaye, na Januari 2017 akapanda ndege kwenda uhamishoni.

Sasa tazama nchi ambayo haina shida ya kusoma. Mwaka 2016 Mahakama ya Katiba ya Austria ilifuta duru ya pili ya urais baada ya kuonekana kwamba katika wilaya kadhaa bahasha za kura za posta zilifunguliwa kabla ya wakati au na watu wasiohusika. Hakuna aliyethibitisha wizi. Utaratibu uliovunjwa ulitosha. Uchaguzi wa marudio ukapangwa Oktoba, kisha ukaahirishwa hadi Desemba 4. Kwa sababu gani? Gundi. Bahasha za kura za posta zilikuwa zinabanduka zenyewe. Malawi nako, Februari 2020, mahakama ilifuta uchaguzi wa mwaka uliotangulia ambao fomu zake nyingi zilikuwa zimefutwafutwa kwa wino mweupe, ule wa makarani. Uchaguzi ukarudiwa Juni, na aliyekuwa wa pili, Lazarus Chakwera, akashinda. Majaji wa kesi ile walikwenda mahakamani wakiwa wamevaa fulana za kuzuia risasi. Nawaheshimu mno watu wale.

Kuna pia uchaguzi ambao hauhitaji jaji, unahitaji kutoa na kujumlisha tu. Liberia, mwaka 1927: Rais Charles King alitangaziwa kura zaidi ya 200,000 katika nchi ambayo wapigakura wake wote hawakufika 15,000.

Je, kura moja ina kazi gani? Waulize wazee wa Pemba. Januari 1961, katika uchaguzi wa kutafuta serikali ya Zanzibar kabla ya uhuru, jimbo la Chake Chake lilikwenda kwa chama cha ASP kwa kura moja tu. Kati ya viti 22, ASP ilipata 10, chama cha ZNP 9 na cha ZPPP 3. Na wale watatu walipogawanyika, pande mbili zikawa 11 kwa 11. Serikali haikuundika. Ilibidi kiti cha 23 kiongezwe na watu warudi kupiga kura Juni, na Juni hiyo damu ilimwagika Unguja. Nusu karne baadaye, mwaka 2010, Dk. Ali Mohamed Shein na Maalim Seif Sharif Hamad walitenganishwa na kura zisizofika 3,500 katika visiwa vizima. Safari hiyo yalikuwapo makubaliano ya kugawana serikali, yaliyopigiwa kura ya maoni Julai mwaka huo, na watu wakalala salama.

Turudi darasani. Agosti 2022 William Ruto alitangazwa kuwa na kura 7,176,141 na Raila Odinga 6,942,930. Tofauti ni 233,211, namba inayosikika kubwa. Igawe kwa vituo 46,229: ni kura tano kwa kituo. Na ukitaka kujua alivuka nusu kwa kiasi gani, ni kura 69,000 na ushei, yaani kura moja na nusu kwa kila darasa. Watu wawili waliobaki nyumbani kwa sababu ya mvua. Karatasi mbili zilizotiwa alama mahali pasipo pake.

Kura nyingine ya urais Kenya ni Agosti 10, 2027, Jumanne ya pili ya mwezi kama Katiba inavyosema. Ukishapiga, nenda nyumbani ule, upumzike. Usiku ukirudi pale kituoni, chukua tochi au simu, uisome fomu iliyobandikwa, uinakili na tarehe yake. Kisha uilinganishe na ile itakayowekwa kwenye tovuti.