Ufunuo Unamfunua Nani?

Masomo: Waebrania 1:1-3, Yohana 9:1-7, Matendo 11:27-30



Tunapopokea simu za wasikilizaji mwishoni mwa kipindi, kuna neno linalorudi mara nyingi: "Mtumishi mmoja amefunuliwa." Mara nyingi pia habari hiyo inaishia kwenye jina la mtu. Ni mama mkwe, au shangazi mjane, au mtoto aliyeletwa Ruashi kutoka kijijini baada ya wazazi wake kufa. Baba amekosa kazi, mdogo wa nyumba anaugua kila mwezi, na sasa mtoto huyo yatima analala nje. Jamaa inatuuliza: tufanye nini, maana Mungu amesema?

Swali hilo ni zito, kwa sababu maisha ya mtu yamo ndani yake. Basi tuanze na msingi: ufunuo ni nini?

Kufunua ni kuondoa kifuniko. Mama akifunua sufuria ya bukari, haumbi chakula wakati huo. Kilikuwamo, ila sisi hatukukiona. Vivyo hivyo Mungu yupo siku zote, lakini hatuwezi kumjua kwa akili zetu mpaka yeye mwenyewe aondoe kifuniko. Kwa hiyo ufunuo ni kazi ya Mungu ya kujionyesha kwa wanadamu.

Biblia inatufundisha kwamba alifanya hivyo kwa njia mbili. Ya kwanza ni viumbe vyake. Zaburi ya 19 na Warumi sura ya 1 zinaeleza kwamba mbingu na dunia zinamshuhudia Muumba. Ndiyo sababu babu zetu walikuwa na jina lake kabla Biblia haijafika: Waluba walimwita Vidye, Wabemba wakamwita Lesa. Wamisionari Burton na Salter, walioleta ujumbe wa Kipentekoste huko Mwanza mwaka 1915, hawakukuta watu wasiojua kwamba kuna Muumba.

Njia ya pili ni neno lake. Waebrania 1 inasema kwamba zamani Mungu alisema kwa manabii, kwa sehemu nyingi na kwa namna nyingi, lakini mwisho amesema nasi katika Mwana. Angalieni vizuri: neno la mwisho la Mungu ni mtu, ni Yesu. Anayetaka kujua Mungu anafikiri nini juu ya mgonjwa, mjane au mtoto, amtazame Yesu alivyowatendea.

Hapa tunaona tofauti na majirani zetu. Waislamu tunaoishi nao katika mji huu wanaamini kwamba malaika Jibrili alimletea Muhammad maneno ya Mungu, kuanzia katika pango la Hira karibu na Makka, mnamo mwaka 610, kwa muda wa miaka 23 hivi. Kwao, ufunuo ni maneno yaliyoteremshwa, na Kurani ndiyo maneno hayo. Kwetu sisi, Neno alifanyika mwili, na Biblia ni ushahidi mwaminifu unaotupeleka kwake. Tuseme tofauti hiyo kwa heshima, bila kuwatukana.

Katika desturi za wazee wetu kulikuwa na njia nyingine. Kwa Waluba, mtu mwenye msiba au ugonjwa alikwenda kwa kilumbu, yaani mwaguzi anayeingiwa na roho. Kilumbu alitikisa kibuyu kinachoitwa mboko, chenye vitu vidogo vidogo ndani, kisha akasoma jinsi vilivyolala. Watu walimwendea ili kujua chanzo cha matatizo: je, ni mzimu aliyekasirika, au ni mtu fulani mwenye chuki?

Wapendwa, tujipime hapa. Swali kubwa la mwaguzi ni hili: "Nani amenifanyia hivi?" Swali kubwa la Biblia ni hili: "Mungu ni nani, naye anataka nini kwangu?" Inawezekana tumeacha kibuyu nyumbani, lakini tukaingia na swali lake katika chumba cha maombi. Tunafunga siku tatu, tunakesha, halafu tunamwuliza mwombezi swali lile lile ambalo babu alimwuliza kilumbu.

Wanafunzi wa Yesu nao waliuliza hivyo. Katika Yohana 9 walimwona kipofu tangu kuzaliwa, wakataka kujua ni nani aliyetenda dhambi, yeye au wazazi wake. Yesu hakuwapa jina la mtu yeyote. Aliwaelekeza kwenye kazi ya Mungu, kisha akamponya yule kipofu.

Nchi yetu imekwisha kuona matunda ya ufunuo wa uongo. Mwaka 1925, Tomo Nyirenda, mzaliwa wa Nyasaland ambayo leo ni Malawi, alihubiri upande wa Zambia ya leo akijiita Mwana Lesa, yaani Mwana wa Mungu. Alidai kuwatambua walozi kwa ubatizo: mtu ambaye hakuzama vizuri majini alihesabiwa kuwa mchawi, akauawa. Baadaye alivuka mpaka akaingia Katanga. Kwa pande zote mbili, watu zaidi ya 100 walikufa. Alinyongwa mwaka 1926. Alitumia jina la Mungu na maji ya ubatizo, lakini kazi yake ilikuwa mauti.

Je, tuseme basi kwamba Roho hasemi leo? Hapana. Sisi ni Wapentekoste, na 1 Wathesalonike 5 inatuonya tusimzimishe Roho. Lakini papo hapo inatuamuru tujaribu mambo yote.

Tazameni Agabo katika Matendo 11. Roho alimwonyesha kwamba njaa kubwa inakuja. Hakumtaja mtu aliyeileta. Waamini walikusanya msaada, kila mtu kadiri ya uwezo wake, wakautuma Yudea. Mtu atasema: lakini nabii Nathani alifunua dhambi ya Daudi! Ndiyo, ila alimwendea Daudi mwenyewe, juu ya tendo alilolifanya Daudi, ili atubu. Hakwenda kwa jirani kumpa mtu wa kumchukia.

Kwa hiyo, ukiambiwa "nimefunuliwa", uliza mambo matatu. Je, neno hili linapatana na Maandiko na tabia ya Yesu? Je, wengine wamelipima, kama 1 Wakorintho 14:29 inavyoagiza, au ni sauti ya mtu mmoja asiyetaka kuulizwa? Je, matunda yake ni toba na msaada, au ni woga, chuki na kudaiwa pesa?

Kuhusu mtoto, jambo liko wazi hata mbele ya serikali. Katiba ya nchi yetu, katika kifungu cha 41, inakataza kumshtaki mtoto kwa uchawi. Sheria ya tarehe 10 Januari 2009 ya kulinda watoto inamwadhibu anayefanya hivyo kwa kifungo cha mwaka 1 hadi 3.

Basi kwa jamaa ile jibu letu ni hili: mrudisheni mtoto ndani usiku wa leo. Mgonjwa apelekwe hospitalini, naye aombewe. Baba akitafuta kazi, kanisa limsaidie. Yesu aliwaita watoto waje kwake. Hatatuma ufunuo wa kuwafukuza.

Tuombe: Bwana Yesu, utufunulie wewe mwenyewe. Ondoa kifuniko machoni petu, tumwone mtoto wa nyumba yetu kama unavyomwona wewe. Amina.