Alama ya Busu katika Picha Bubu ya Kirusi

Mwezi wa Julai 1926 wachezaji mashuhuri wa Marekani, Mary Pickford na mumewe Douglas Fairbanks, walizuru Moscow, na watu wakafurika kuwaona. Picha za habari zilizopigwa siku zile zilitiwa baadaye katika mchezo wa senema wa kuchekesha, usio na sauti, uitwao "Busu la Mary Pickford", ulioongozwa na Sergei Komarov na kuonyeshwa mwaka 1927.

Kisa chenyewe ni chepesi. Goga Palkin, mtumishi wa nyumba ya senema, ambaye nafasi yake imechezwa na Igor Ilyinsky, ampenda Dusya. Lakini Dusya hana macho ila kwa Fairbanks, na mchumba asiye na sifa hamtaki. Baada ya mikasa mingi Goga abusiwa na Pickford mwenyewe, na alama ya rangi ya mdomo yabaki shavuni. Hapo watu wapagawa: wamwandama kila aendako na kuzigombea nguo zake. Alama ifutikapo, Goga arudi kuwa Goga.

Mwanafunzi wa lugha atatambua kwamba alama ile haina thamani kwa umbile lake, kwani ni rangi tu, na dukani yauzwa. Thamani yake yatokana na makubaliano ya umati, kama maana ya neno itokanavyo na makubaliano ya wasemaji. Ila neno aghalabu hufa polepole.

Komarov alikuwa mwanafunzi wa Lev Kuleshov, aliyefundisha kwamba picha moja hupata maana kwa picha iliyo jirani nayo. Tukisikia "kata" peke yake, hatujui kama ni amri, au chombo cha kuchotea maji, au ngata ya kichwani, mpaka maneno ya jirani yatufahamishe. Vivyo hivyo shangwe za wakazi wa Moscow, ambao hawakumjua Goga, zilipounganishwa na kisa chake zikawa sehemu ya hadithi yake.

Busu lenyewe, hata hivyo, si kazi ya mkasi: Pickford alisimama kweli na Ilyinsky mbele ya kamera. Basi picha iliyodhihaki wazimu wa sifa ilivuta watazamaji kwa sifa ile ile, na jina lililotiwa juu yake ni la Pickford, wala si la Goga.